Karudishwa kazini? Sawa, ila barua inasemaje?

Mtu akiniambia fulani karudishwa kazini serikalini, mi huwa nauliza swali moja tu, barua inasemaje. Sio kwamba sina roho ya kufurahi na wenzangu, hapana, ila nimeona kwenye familia yetu wenyewe mtu anarudishwa kwa vigelegele na jogoo anachinjwa, halafu miaka mbele huko anakuja kugundua kwamba walimrudisha yeye tu, utumishi wake wakauacha nje ya geti.

Kwa ambao hawakuwa wanafuatilia ngoja niwarudishe nyuma kidogo. Tarehe 28 Aprili 2017, ukumbi wa Chimwaga pale Chuo Kikuu cha Dodoma, hayati Magufuli alikabidhiwa ripoti ya uhakiki wa vyeti na aliyekuwa waziri wa utumishi, Angellah Kairuki. Watumishi 9,932 walikutwa na vyeti vya kughushi na amri ikatoka palepale waondoke. Hiyo kila mtu anaikumbuka. Ambao watu wamewasahau ni wale wa darasa la saba, na hawa hawakughushi chochote, waliajiriwa na cheti cha darasa la saba kwa sababu enzi zao ndicho kilichotakiwa, madereva, walinzi, wahudumu wa ofisi, wapishi, watendaji wa vijiji. Tatizo lao lilikuwa waraka wa utumishi wa 2004 uliosema kuanzia tarehe 20 Mei 2004 anayeajiriwa serikalini awe amefika angalau kidato cha nne. Sasa ukiusoma waraka ule kwa akili timamu unaona unamhusu anayeingia baada ya hiyo tarehe, huwezi kumhukumu mtu wa 1989 kwa sharti la 2004, lakini uhakiki uliposhuka huko mawilayani kuna maofisa waliona darasa la saba wakafyeka tu, nadhani na uoga ulikuwepo, kipindi kile nani alitaka aonekane anamlea mtu?

Ba'mdogo wangu alikuwa mmoja wao. Dereva wa halmashauri, ajira ya 1989, amewaendesha wakurugenzi na madaktari na masanduku ya kura miaka yote hiyo, leseni yake safi. Akaondolewa 2017. Na mtaani kwetu hakuna aliyekuwa na muda wa kutofautisha, wote waliondolewa basi wote ni "vyeti feki", watoto wake shuleni wanaitwa watoto wa feki, yaani mtu hajawahi hata kudai amesoma sekondari anaambiwa kaghushi cha sekondari. Alikuwa na mkopo wa benki unaokatwa kwenye mshahara, mshahara ukafutika mkopo ukabaki, akaingia kausha damu, ile mikopo ya mtaani ya riba kali, kulipia benki. Bima ya afya nayo ikakata hapohapo maana NHIF ya mtumishi inakwenda na makato ya mshahara, hakuna mshahara hakuna kadi, na ma'mdogo ana presha.

Aprili 2018 waziri aliyekuwepo wakati huo, George Mkuchika, akatangaza bungeni kwamba walioajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004 warudishwe, isipokuwa yule aliyewasilisha cheti cha kughushi au aliyedanganya kwenye taarifa zake. Na jambo ambalo wengi hawakulishika kwa sababu ya furaha, tamko halikuishia kwenye kurudi, lilisema pia walipwe mishahara ya kipindi chote walichokuwa nje. Narudia maana hapa ndio pana kesi nzima: warudi, NA walipwe cha nyuma.

Barua ya ba'mdogo ilipokuja ilikuwa na mistari michache sana. Kichwa cha habari kurejeshwa kazini, chini yake kwamba unatakiwa kuripoti kituo chako cha kazi cha zamani kabla ya tarehe fulani, sahihi, muhuri, nakala kwa mweka hazina na kwa mkaguzi wa ndani. Kwisha. Hakuna neno kuhusu mishahara ya nyuma. Hakuna neno kwamba utumishi wako unahesabika haujakatika. Mi niliisoma nikamwambia ba'mdogo hii barua ina mapengo, akanijibu "mwanangu, niache kwanza nishike usukani, hayo mengine yatakuja". Nikamwelewa. Mtu aliyekaa karibu mwaka anakopa unga dukani huwezi kumwambia arudishe barua ikaandikwe upya.

Lakini jamani mapengo yale ndio yaliyotusumbua hadi amestaafu.

Kisheria kumrudisha mtu na kumwajiri upya ni vitu viwili na wala havifanani kwenye pesa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 40, inasema mwamuzi au mahakama ikikuta mtu kaachishwa isivyo haki inaweza kuamuru arejeshwe bila kupoteza ujira wake wa kipindi alichokuwa nje. Maana yake ni kama hukuwahi kuondoka, ile siku ya kufukuzwa inafutwa kwenye historia. Kwahiyo mshahara wa miezi yote uko palepale, michango ya mfuko wa hifadhi ya jamii iko palepale, tarehe yako ya kuanza kazi ni ileile ya mwanzo. Kuajiriwa upya ni kitu kingine, masharti yake ni yale atakayoamua mwamuzi au mahakama, na mwajiri mjanja akiandika barua isiyosema ni ipi kati ya hizo mbili basi kwenye mfumo atakuingiza anavyoona rahisi kwake. Na rahisi kwake siku zote ni kukuingiza kama mtu mpya.

Ndicho kilichotokea. Slipu ya kwanza baada ya kurudi ilitoka, mshahara wa mwezi mmoja, ba'mdogo akacheka mpaka machozi. Mi nikaangalia tarehe ya ajira. Imeandikwa 2018. Cheki namba, yaani namba yake ya utumishi, ileile, jina lilelile, ila tarehe ya ajira 2018! Nikamuuliza afisa utumishi kwa upole kabisa, shikamoo zote nimeshatoa, akasema "mfumo ndio unavyosoma, alitolewa akaingizwa tena". Halafu akanishangaa kwamba nakomaa na tarehe wakati mshahara umeingia.

Hebu tupige hesabu ili muone kwanini nilikomaa. Pensheni ya PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, inahesabiwa kwa miezi uliyochangia, unachukua 1 unagawa kwa 580, unazidisha kwa idadi ya miezi, unazidisha kwa wastani wa mshahara wako wa mwaka. Chukulia umekubali kwamba mwaka ule wa nje umepotea tu, miezi 12, na mshahara wako tuseme laki sita kwa mwezi yaani milioni 7.2 kwa mwaka, hapo umepoteza kama shilingi 149,000 kwenye pensheni ya mwaka. Inaonekana ndogo eeh? Weka sasa kwenye kikokotoo cha asilimia 40 kilichoanza Julai 2024 kwa waliokuwa LAPF na PSPF, mifuko ya zamani ya pensheni, unazidisha kwa 12.5 halafu unachukua asilimia 40, mkupuo wako, ile pesa ya mara moja unayopewa ukistaafu, umepungua kama laki saba na elfu arobaini na tano, na kila mwezi mpaka unaingia kaburini unapungukiwa kama shilingi 7,400. Hiyo ni kwa kukosa mwaka mmoja tu na kila kitu kingine kikiwa sawa.

Sasa chukua ile tarehe ya 2018 iliyokuwa kwenye mfumo. Ba'mdogo alikuwa anafikisha 60 mwaka 2024. Kutoka 2018 mpaka 2024 ni miezi sabini na kitu. Ili upate pensheni ya kila mwezi unatakiwa uwe na miezi isiyopungua 180. Kwahiyo mtu aliyefanya kazi toka 1989 kwenye karatasi anasomeka hajafikisha hata nusu ya kinachotakiwa, angepewa kimkupuo kidogo akaambiwa asante kwaheri! Ile michango ya zamani ilikuwepo, sikatai, lakini ilikuwa LAPF na LAPF iliunganishwa na PSPF, PPF na GEPF kuwa PSSSF Agosti 2018, yaani ba'mdogo anarudi kazini wakati ndio mifuko inahamisha makabrasha, rekodi moja inasema mwanachama alitoka 2017 nyingine inasema mwanachama kaingia 2018, na hakuna ofisi inayojua kwamba hao ni mtu mmoja mpaka uende mwenyewe na karatasi.

Na karatasi zenyewe sasa. Mnaofanya kazi halmashauri mnaijua masjala, chumba cha kutunzia mafaili, yule dada wa masjala alikuwa mstaarabu sana nisimseme vibaya, alitoa jalada la wazi la ba'mdogo, limefungwa kamba, jalada gumu la rangi ya udongo, folio, yaani namba za karatasi, zimeandikwa kwa kalamu nyekundu juu kulia, tukaanza kufunua. Barua ya ajira ya 1989 ipo, ya taipureta, herufi o zimetoboa karatasi. Barua ya kuthibitishwa kazini haipo. Namba zinaruka, folio kabla yake ipo na baada yake ipo, yenyewe imenyofolewa au imedondoka Mungu ndio anajua. Na bila ya kuthibitishwa kazini huwezi kuonyesha kwamba ulikuwa kwenye masharti ya kudumu na malipo ya uzeeni, unaweza kuambiwa ulikuwa kibarua. Kilichotuokoa ni ma'mdogo. Alikuwa ameweka nakala kwenye bahasha moja na kadi za kliniki za watoto, chini ya nguo, miaka yote hiyo. Tukatoa kopi, tukagonga muhuri kwa hakimu, tukaandika barua ya kuomba marekebisho ya tarehe ya ajira na madai ya malimbikizo ya mishahara, kupitia kwa mkuu wa idara, na tukahakikisha kopi yetu imegongwa muhuri wa KUPOKELEWA wenye tarehe. Bila huo muhuri barua yako haijawahi kuwepo duniani.

Malimbikizo yalikuja kulipwa baada ya kuhakikiwa na kuhakikiwa tena, yakakatwa kodi na makato mengine, na benki nayo ikajichukulia chake maana mkopo ulikuwa unamsubiri tu. Alichobaki nacho mkononi hata hakunitajia, nami sikumuuliza. Tarehe ya ajira ilirekebishwa pia. Michango ya miezi ile ya nje ilisumbua zaidi kwa sababu mtumishi anachangia asilimia 5 na mwajiri asilimia 15, ile 5 ya ba'mdogo walikata kwenye malimbikizo bila shida, ile 15 ya mwajiri ikawa inatafutiwa kasma, yaani fungu kwenye bajeti. Hapa watu wengi wanalala, wanaona malimbikizo yameingia benki wanafunga faili. Nenda PSSSF uchukue taarifa ya michango uangalie mwezi kwa mwezi. Mwezi usiosomeka hautalipwa na mtu.

Naombwa sana kuelezea na wale waliofukuzwa kwa nidhamu sio kwa uhakiki, utoro kazini, upotevu wa fedha, mambo ya namna hiyo. Njia yenu ni tofauti. Mtumishi wa umma usikimbilie CMA, ile Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi, kama mtu wa kampuni binafsi, Sheria ya Utumishi wa Umma ilirekebishwa 2016 ikawekwa kifungu cha 32A kinachosema umalize kwanza ngazi za ndani, na 2022 Mahakama ya Rufani ikaligongea msumari kwenye shauri lililohusu Shirika la Posta, kwamba CMA haina mamlaka kabla hujamaliza huko. Watu wamepoteza miaka CMA wameshinda, wamesherehekea, halafu juu huko yote yakafutwa kwa sababu walianzia mlango usio wao. Kwa mtumishi wa halmashauri aliyefukuzwa na mkurugenzi rufaa inakwenda Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45, na usiporidhika unakata kwa Rais. Walimu mna tume yenu wenyewe. Siku 45 ni chache kuliko unavyodhani hasa kama mwajiri hajakupa mwenendo wa shauri lako, omba kwa maandishi mapema na tunza ushahidi kwamba uliomba.

Na ukishinda kwenye Tume, soma uamuzi mpaka mwisho kabla hujawapigia watu simu. Kuna rufaa inayokubaliwa moja kwa moja, hiyo unarudi na haki zako. Na kuna ile inayosema mwajiri alikosea taratibu kwahiyo shauri lianze upya, labda hukupewa hati ya mashtaka inavyotakiwa au hukusikilizwa, na haki ya kusikilizwa iko mpaka kwenye Katiba ibara ya 13(6)(a). Hapo unarudi kazini ndio, lakini unarudi kama mtuhumiwa, wiki hiyohiyo unaweza kukabidhiwa mashtaka mapya na ukasimamishwa kupisha uchunguzi kwa nusu mshahara. Nimeona mtu kafanya sherehe ya kurudi kazini akiwa na uamuzi wa aina hii mkononi, hajausoma ukurasa wa mwisho. Sikuwa na moyo wa kumwambia pale kwenye wali. Angalau hiyo nusu inayoshikiliwa, ukikutwa huna hatia unarudishiwa yote, hiyo nayo idai kwa barua usisubiri waikumbuke.

Kuna ndugu wa Kenya waliniuliza kama na kwao ni hivihivi. Kenya mahakama yao ya ajira inaweza kuamuru mtu arudishwe ila ndani ya miaka mitatu tangu kufukuzwa, kwahiyo kesi ikivutwavutwa muda ukapita unabaki na fidia tu. Ndio maana mawakili wa waajiri wanapenda sana kuahirisha.

Wale 9,932 nao nisiwaruke kabisa, maana na wenyewe tunaishi nao. Kurudi kazini hawana haki hiyo na sidhani kama wanaidai, lakini 2022 serikali ya Mama Samia ilikubali warudishiwe michango yao ile waliyokatwa kwenye mishahara, na malipo yalianza Novemba mwaka huo. Kuna watu walilalamika kwamba wanazawadiwa wahalifu. Mi sikuona hivyo, mtu alikuwa anadunga watoto chanjo miaka 20 na pesa ilikatwa kwenye jasho lake, cheti ni kosa lake na ameshapoteza kazi, michango ni mali yake. Shida yangu ni moja tu, kwamba kuna wa darasa la saba huko vijijini walioambiwa nao waende wachukue michango wakaenda wakachukua, na kuchukua michango ni kama kukubali kwamba umetoka kabisa, wakati hao walitakiwa kuwa wameshika barua ya kurudi. Kama unamjua mtu wa hivyo aliyeajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004 mwambie asisaini fomu yoyote kabla hajaonana na chama chake cha wafanyakazi, TALGWU au TUGHE au chochote alichokuwa anakatwa ada yake.

Ba'mdogo amestaafu 2024 akiwa na miezi yake inayosomeka ila kuna kitu kimoja kimebaki. Wenzake wa kundi lake ambao hawakuguswa na uhakiki walipanda daraja kile kipindi, yeye alikuwa nje, aliporudi aliendelea na ngazi ileile ya zamani akawa nyuma yao mpaka mwisho, na pensheni inaangalia wastani wa mishahara bora ya miaka mitatu kwahiyo daraja alilokosa liko ndani ya kila hela anayopokea sasa hivi. Halmashauri wanasema kupanda daraja sio haki, ni bajeti na tathmini ya utendaji, na mtu ambaye hakuwepo hana tathmini. Mi nasema hakuwepo kwa sababu yenu. Barua ya hilo tumeshapeleka, kopi yetu ina muhuri, tumenakili na Tume. Na kama ndugu yako alirudishwa kwenye tamko lile akafariki kabla hajalipwa, madai yake hayajafa, msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama anaweza kuyafuatilia, aanzie masjala na aombe jalada lifunguliwe mbele yake.